Makumbusho ya Bishop, Honolulu: Mwenye Nyumba Hayupo Sebuleni

Tuanze na jina, maana ndilo linalowapotosha wengi kabla hata hawajakata tiketi. Hapa hapana askofu. Bishop ni jina la ukoo la Charles Reed Bishop, Mmarekani aliyeshuka melini Honolulu mwaka 1846 bila nia ya kukaa, akaoa katika ukoo wa kifalme, akafungua duka, akafungua benki, akawa waziri wa mambo ya nje wa Ufalme wa Hawaii, nchi ambayo hakuzaliwa, na mwishowe akajenga jumba hili la mawe meusi ili kutunza urithi wa mkewe. Anayekwenda pale kuona majoho ya manyoya na mifupa ya nyangumi atatoka ameridhika. Anayekwenda kumtafuta Bishop mwenyewe atahitaji kuelekezwa, kwa sababu jumba lenye jina lake linamtaja kwa sauti ya chini. Tathmini hii ni ya wote wawili, lakini zaidi ni ya huyu wa pili.

Mambo ya mlangoni kwanza. Anwani ni 1525 Bernice Street, eneo la Kalihi na Kapālama, mbali kidogo na fukwe za watalii. Kutoka Waikiki panda basi la umma namba 2, shuka School Street kwenye makutano na Kapālama Avenue, teremka Kapālama kuelekea upande wa bahari, kisha kata kulia uingie Bernice. Mwenye gari afuate barabara kuu ya H-1 kuelekea magharibi na kutokea Houghtailing Street. Maegesho yapo ndani, ila hulipiwa. Milango hufunguliwa kila siku saa 3 asubuhi na kufungwa saa 11 jioni, isipokuwa Siku ya Shukrani na Krismasi. Tiketi ya mtu mzima asiye mkazi huzidi dola 25. Wakazi wa Hawaii wakionyesha kitambulisho hulipa pungufu, na planetari, ukumbi wa kuonyesha nyota, ina malipo yake juu ya kiingilio. Bei hubadilika, kwa hiyo nunua mtandaoni siku moja kabla na usitegemee vitabu vya watalii vya miaka iliyopita.

Kosa linalowagharimu watu ni kufika saa 9 alasiri, baada ya kumaliza kuogelea. Ukumbi wa Hawaii peke yake unakula saa mbili kwa anayesoma maandishi, na Ukumbi wa Pasifiki unataka saa nzima. Fika asubuhi, tenga nusu siku. Maandishi ni ya Kiingereza kilichochanganywa na maneno mengi ya Kihawaii, na ukiingia bila kujua hata moja utachoka mapema. Matano yanatosha kuanzia: aliʻi ni wakuu wa damu ya kitawala, makaʻāinana ni raia wa kawaida wanaoishi kwa ardhi, kapu ni mwiko wenye nguvu ya sheria, mana ni nguvu takatifu iliyomo ndani ya mtu au kitu, na kapa ni kitambaa kinachotengenezwa kwa kupondaponda magome ya mti.

Ingia moja kwa moja Ukumbi wa Hawaii. Majengo haya hayakujengwa kwa mkupuo: la kwanza lilifunguliwa kwa umma mwaka 1891, Ukumbi wa Polinesia ukafuata 1894, na huu wa Hawaii 1903. Mawe ni ya volkano, yamechimbwa hapo hapo kiwanjani. Ndani kila kitu ni mbao za koa, mti wa asili wa visiwa hivi: ngazi, reli za roshani na fremu za makabati, zote zina rangi ya kahawia inayoelekea wekundu na hung'aa taa zikizipiga. Ghorofa tatu zimezunguka uwazi mmoja mkubwa. Kati ya 2006 na 2009 ukumbi ulifungwa kwa matengenezo, ukarudi ukiwa na kiyoyozi, lifti na mpangilio mpya wa vitu, uliokusudiwa kuwapa Wahawaii wenyewe nafasi ya kusimulia habari zao. Uamuzi huo ulikuwa sahihi, na ndio umefanya ukumbi huu kuwa bora. Ndio pia umemsukuma Bishop pembeni, na hapo ndipo kazi yetu inapoanza, kwa sababu vitu vingi vilivyo mbele yako vinamhusu ingawa havimtaji.

Simama katikati ya ghorofa ya chini, utazame juu. Nyangumi mwenye urefu wa futi 55, yaani karibu mita 17, ananing'inia hewani. Ukimtazama kutoka upande mmoja ni mifupa mitupu. Zunguka upande wa pili, utamwona amevikwa mwili wa karatasi iliyokandwa kwa gundi. Watoto humpenda, watu wazima humpiga picha, kisha wote hupita. Lakini Honolulu aliyofikia Bishop ilikuwa inaishi kwa mafuta ya nyangumi huyu. Yeye na rafiki yake, mwanasheria William Little Lee, waliondoka pwani ya mashariki ya Marekani kwa meli iliyokuwa ikielekea Oregon kwa kuzunguka Rasi ya Horn, ncha ya kusini ya Amerika ya Kusini. Baada ya miezi kama minane majini, Oktoba 1846 meli ikaingia Honolulu kupumzika na kuongeza chakula, na wawili hao wakashawishika kubaki. Bandari ilijaa meli za wavuvi wa nyangumi zenye kuhitaji nyama, maji, kamba, matengenezo na, zaidi ya vyote, fedha. Nahodha hakuwa na sarafu. Alikuwa na hati ya kudai malipo kwa mwenye meli kule New England, kaskazini-mashariki mwa Marekani. Aliyeweza kuipokea hati ile, kuikata kiasi chake na kutoa fedha taslimu ndiye aliyetajirika.

Kabla ya benki Bishop aliuza bidhaa na mshirika wake William Aldrich, na sehemu ya biashara yao ilikwenda California iliyokuwa imeingiwa na homa ya dhahabu. Tarehe 17 Agosti 1858 wawili hao wakafungua benki ya Bishop & Co. katika chumba cha chini cha jengo la bandarini. Siku ya kwanza walipokea amana za zaidi ya dola 4,700. Ilikuwa benki ya kwanza kufanikiwa chini ya sheria za ufalme. Uvuvi wa nyangumi ulianza kuporomoka muda si mrefu baadaye: mafuta ya taa yakaingia sokoni, vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vikazamisha meli, na mwaka 1871 barafu ya Aktiki ikanasa meli 33 kwa mpigo. Benki ilinusurika kwa sababu ilishaanza kuhamia kwenye sukari. Hayo yote yananing'inia juu ya kichwa chako, na kibandiko kidogo cha sentensi tatu kuhusu fedha kingetosha kuyaeleza.

Hatua chache kutoka hapo kuna hale pili, nyumba halisi iliyoezekwa nyasi, iliyoletwa kutoka bonde la Miloliʻi katika kisiwa cha Kauaʻi. Inama uchungulie mlangoni. Mlango ni mfupi kiasi kwamba mtu mzima lazima aingie ameinama, nguzo zimefungwa kwa kamba bila msumari hata mmoja, na nyasi zimepangwa matabaka ili mvua iteleze. Ni kitu kizuri kuliko vyote kwenye ghorofa hiyo, ukiacha sanamu ya Kū, mungu wa vita. Sanamu kubwa za hekaluni za aina hiyo zilizobaki duniani ni tatu tu: hii, ya British Museum mjini London, na ya Peabody Essex Museum huko Salem. Mwaka 2010 zilikutanishwa zote tatu katika jengo hili.

Nyumba ya nyasi inadai maswali ya ardhi, na ardhi ndiyo sura ya pili ya Bishop. Waswahili husema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Bishop alipewa forodha. Alikula kiapo cha uraia wa Hawaii mwaka 1849, na mwaka huo huo akawa mkusanyaji mkuu wa ushuru wa forodha. Rafiki yake Lee alipanda hadi kuwa jaji mkuu na msimamizi wa mgawanyo mkubwa wa ardhi ulioanza 1848, Māhele. Kwa sheria zilizofuata, raia wa kawaida waliambulia chini ya ekari 30,000 katika visiwa vyote, na kuanzia Julai 1850 wageni wakaruhusiwa kununua ardhi moja kwa moja. Mwaka 1849 Lee, Bishop na mfanyabiashara Henry Peirce walikuwa tayari wameanzisha shamba la miwa la Līhuʻe, kwenye kisiwa kile kile cha Kauaʻi ilikotoka nyumba ya nyasi. Shika jina la Peirce, litarudi.

Panda ghorofa ya pili, Wao Kanaka, ambayo ni ya maisha ya kila siku: uvuvi, kilimo cha taro (magimbi), kapa. Haihitaji maelezo mengi. Tazama nyundo za kupondea magome, zilizochongwa michoro kwenye pande zake, na ukiiangalia kapa kinyume cha mwanga unaiona michoro ile ile imebaki ndani ya kitambaa. Kisha nenda juu.

Ghorofa ya tatu, Wao Lani, ni ya wakuu na historia, na hapo ndipo pa kukaa. Hapa pia unamkaribia nyangumi uso kwa uso, lakini mvuto halisi wa jumba hili ni kazi za manyoya popote utakapozikuta. Joho la mfalme, ʻahu ʻula, halishonwi juu ya kitambaa. Kwanza husukwa wavu mwembamba wa nyuzi za olonā, mmea wenye nyuzi imara ajabu. Kisha manyoya hukusanywa vishada vidogo vidogo, na kila kishada hufungwa kwenye jicho la wavu kwa uzi wa olonā. Kazi huanzia ukingo wa chini na kupanda, ili kila safu ifunike mafundo ya safu iliyotangulia. Wekundu ni manyoya ya ndege ʻiʻiwi, ambaye bado yuko. Njano ni ya ʻōʻō na mamo, ndege weusi waliokuwa na manyoya machache tu ya njano mwilini, nao wote wawili wametoweka duniani. Kwa hiyo njano ndiyo ilikuwa utajiri. Joho la Kamehameha wa Kwanza, mfalme aliyeunganisha visiwa vya Hawaii, lililotengenezwa kwa manyoya ya mamo hukadiriwa kuwa na manyoya 450,000 kutoka kwa ndege kama 80,000. Angalia ukingo wa shingoni, mahali manyoya yalipolala chini kidogo: unauona wavu, na ghafla unaelewa ni vidole vingapi na miaka mingapi vilivyomo.

Hazina nyingine ya kuulizia ni joho na chapeo ya Kalaniʻōpuʻu. Mtawala huyo alivivua mwilini mwake na kumvika nahodha James Cook tarehe 26 Januari 1779. Vilikaa ughaibuni zaidi ya karne mbili, vikafikia makumbusho ya Te Papa ya New Zealand, na Machi 2016 vikarudi Hawaii kwa mkopo wa muda mrefu. Mwaka 2020 vikawa mali ya hapa moja kwa moja. Uliza mapokezi kama vipo kwenye maonyesho siku hiyo. Manyoya hufifia kwa mwanga, kwa hiyo vitu hupumzishwa ghalani kwa zamu, na ndiyo sababu kumbi nyingi zina giza kiasi cha kuwaudhi wanaovaa miwani. Mmweko wa kamera uzime kabla ya kuingia. Wazee wanaosoma kwa shida waje na kioo cha kukuza. Si mzaha, maandishi mengine ni madogo na yamewekwa chini ya kiuno.

Bishop na manyoya haya wameunganishwa na ndoa. Mwaka 1850 alimwoa Bernice Pauahi, kitukuu cha Kamehameha wa Kwanza, binti wa miaka 18 aliyesoma shule ya watoto wa wakuu. Wazazi wake, Pākī na Konia, walikwishamchagulia mwanamfalme Lot. Pauahi akamkataa Lot, akaolewa na mkusanyaji wa ushuru wa forodha katika harusi ndogo sana. Lot akawa Kamehameha wa Tano, hakuoa kamwe, na tarehe 11 Desemba 1872, akiwa kitandani anakata roho, alimwomba Pauahi ashike kiti cha enzi. Pauahi akakataa tena. Kama angekubali, mwenye benki angekuwa mume wa malkia. Pitia Chumba cha Kāhili, chenye fimbo ndefu zilizovikwa manyoya ambazo zilibebwa mbele ya wakuu, na picha za watawala ukutani. Ukiwa na kisa hicho kichwani, chumba kinabadilika kabisa.

Lunalilo akachaguliwa mfalme Januari 1873 na kumteua Bishop waziri wa mambo ya nje. Tayari Bishop alikuwa amekaa miaka mingi katika baraza la juu la bunge, lakini huu ndio ulikuwa mtihani wake, na ndio jambo ambalo jumba halilipi uzito wake. Wenye mashamba ya miwa, ambao wengi walikuwa wateja wa benki, walitaka sukari yao iingie Marekani bila ushuru. Marekani ilitaka bandari. Pendekezo likawa kuipa Marekani ghuba ya Pearl ili nayo ifungue soko, na Bishop akalifikisha kwa balozi wa Marekani. Balozi huyo alikuwa Henry Peirce, yule yule mshirika wa Līhuʻe. Wahawaii wakapinga vikali, na Novemba 1873 pendekezo likaondolewa. Lunalilo akafariki Februari 1874 na uwaziri wa Bishop ukaisha. Mkataba wa ushuru ulipatikana 1875 bila ghuba. Ghuba ikaja kutolewa 1887, chini ya mfalme Kalākaua.

Hatusemi Bishop alikuwa mla rushwa. Tunasema kwamba mtu mmoja alikuwa benki ya wakulima wa miwa, mwanzilishi wa shamba la miwa, mume wa mrithi wa ardhi ya kifalme na waziri mwenye kalamu ya mkataba, yote kwa wakati mmoja, na kwamba mgeni aliyelipa dola zake anastahili kuambiwa hivyo waziwazi. Makumbusho yenye ujasiri wa kurudisha ukumbi mzima mikononi mwa Wahawaii yana ujasiri wa kutosha kumweka mwanzilishi wake kwenye kabati la kioo kama vitu vingine.

Mlinganishe na wageni wenzake. Robert Crichton Wyllie, Mskoti aliyewahi kufanya biashara Amerika ya Kusini, alikuwa waziri wa mambo ya nje kwa miaka 20, kuanzia 1845 hadi 1865, na shamba lake la Kauaʻi likamwacha katika madeni. Walter Murray Gibson alipanda hadi uwaziri mkuu mwaka 1882 kwa kujiita mtetezi wa wenyeji, akafukuzwa nchini 1887. Claus Spreckels, mfalme wa sukari, alimkopesha Kalākaua hadi wakakosana. Bishop hakuanguka kama hao. Alikuwa mtu wa daftari: hakukopa kupita kiasi, hakuhutubia sana, alishika elimu kama rais wa bodi yake kwa miaka mingi, na vyeo alivyoshika vilikuwa vile ambavyo mtu hutoka bila makelele.

Kilichomfanya akumbukwe ni wosia, tena si wake. Binamu wa Pauahi, Ruth Keʻelikōlani, alifariki 1883 na kumwachia ardhi kubwa. Pauahi naye akafariki Oktoba 1884. Jumla ilikuwa kama ekari 375,000, na aliiweka karibu yote wakfu kwa ajili ya shule za watoto. Shule ya wavulana ya Kamehameha ilifunguliwa 1887 hapa hapa Kapālama, ya wasichana 1894. Bishop, mmoja wa wadhamini wa kwanza, aliongeza fedha na ardhi yake mwenyewe. Mwaka 1889 akaanzisha makumbusho kwenye uwanja wa shule, msingi wake ukiwa vitu vya Pauahi, vya Ruth na vya Malkia Emma, mjane wa Kamehameha wa Nne, akamkabidhi William Brigham uongozi. Shule ilihamia mlimani baadaye, makumbusho yakabaki. Ukitoka nje ya Ukumbi wa Hawaii utaona jengo la mawe la Bishop Hall la 1891, lililokuwa la shule. Wengi hulipita wakidhani ni ofisi.

Ukumbi wa Pasifiki, uliokuwa wa Polinesia na kufunguliwa upya 2013, ni mzuri kwa anayetaka kuelewa safari za mitumbwi na uhusiano wa lugha za visiwa. Planetari ya 1961 ina heshima yake: ndimo baharia Nainoa Thompson alimosoma nyota mwishoni mwa miaka ya 1970, kabla ya kuongoza mtumbwi Hōkūleʻa hadi Tahiti na kurudi mwaka 1980 bila dira. Kituo cha sayansi cha 2005 ni cha watoto zaidi, na onyesho la kuyeyusha mawe ya volkano ndilo la kusubiri. Soma ratiba unapoingia, maana ukilikosa kwa dakika tano utangoja sana. Yaliyobaki kwenye kituo hicho mtu mzima anaweza kuyaacha.

Mtafiti ajue kwamba sehemu kubwa ya utajiri wa taasisi haiko kwenye maonyesho. Vielelezo vya viumbe ni zaidi ya milioni 20, wengi wao wadudu, na maktaba na hifadhi ya nyaraka ina picha, barua na magazeti ya Kihawaii ya karne ya 19. Tiketi ya kawaida haikufikishi huko. Andika mapema uombe miadi, na utaje unachotafuta kwa jina na mwaka, kwa sababu ombi la jumla kama "habari za Bishop" huzaa jibu la jumla.

Kwa pesa inayolipwa, jumba hili ni bora kuliko kivutio kingine chochote cha historia Oahu, na Jumba la Kifalme la ʻIolani ndilo pekee linalolikaribia. Ila anayemtafuta mfanyabiashara aliyegeuka mwanasiasa aongeze vituo viwili. Cha kwanza ni Merchant Street katikati ya mji, ambako jengo la benki la 1878 bado limesimama kwenye kona ya Kaʻahumanu. Ni dakika tano za kutazama kutoka njiani, na Bishop Street iko hatua chache mbele. Benki yenyewe aliiuza mwaka 1895 kwa Samuel Damon, ambaye wakati huo alikuwa waziri wa fedha wa serikali iliyochukua nafasi ya Malkia Liliʻuokalani baada ya mapinduzi ya Januari 1893. Liliʻuokalani alilelewa na Pākī na Konia, nyumba moja na Pauahi. Leo benki hiyo inaitwa First Hawaiian Bank.

Cha pili ni Mauna ʻAla, makaburi ya kifalme kwenye Nuʻuanu Avenue. Hakuna kiingilio. Nenda siku ya kazi, mchana, kwa kuwa wikendi utakuta geti limefungwa. Vaa nguo za heshima, ongea taratibu, usikanyage wala kuegemea makaburi. Ni moja ya sehemu chache ambako bendera ya Hawaii hupepea peke yake. Wyllie amezikwa humo pia. Bishop alihamia California mwaka 1894 na hakurudi kuishi. Alifariki Berkeley tarehe 7 Juni 1915, akiwa na miaka 93, na majivu yake yakavushwa bahari hadi hapa, yakawekwa ndani ya kaburi la ukoo wa Kamehameha, karibu na Pauahi.